Wadogo zangu, andikeni namba ilikotoka

Jana usiku mmenitumia picha ya ukurasa wa daftari lenu, lile mnaloandikia namba za kufungulia sefu katika gemu za video. Juu kabisa mmeandika 6, 31, 14 na kupiga mistari miwili, na chini yake kuna safu nne za majaribio yaliyokatwa: 31-6-14, 14-31-6, 14-6-31, mpaka karatasi ikaisha. Swali lenu lilikuwa moja tu: "Kaka, tumekosea wapi?"

Nimeutazama ukurasa ule kwa muda mrefu nikashindwa kuwajibu. Ukurasa mzima hauna neno hata moja. Hakuna "kalenda", hakuna "ukutani", hakuna "barua ya daktari". Namba tupu. Na moyo uliniuma, kwa sababu ninalo daftari la namna hiyo, la miaka mingi iliyopita, na najua lilinigharimu nini. Kwa hiyo leo nayaandika yote mara moja, mkae nayo, nisiyarudie kila mnapokutana na sefu.

1. Hesabu sefu kabla hujaigusa. Vigurudumu vitatu vya 0 hadi 9 vina michanganyiko 1,000. Vinne vina 10,000, na kila jaribio likila sekunde 4, hizo ni zaidi ya saa 11 umeshika pedi ya kuchezea. Gurudumu moja lenye alama 0 hadi 99 linalotaka namba tatu lina michanganyiko 1,000,000. Nawatajia hesabu hizi kwa sababu yule mwenzenu aliyeanza juzi nilimkuta amefika 0138, alianzia 0000, na ametulia kabisa kama mtu aliye kazini. Uvumilivu wake naupenda, utamfikisha mbali. Lakini kikaratasi chenye jibu kilikuwa kwenye droo ya meza ileile iliyobeba sefu.

Bahatisha pale hesabu inapokuruhusu. Ukikuta sefu ya tarakimu nne ina vitufe vinne vilivyochakaa, mipangilio ni 24 tu. Vikiwa vimechakaa vitatu, basi tarakimu moja imerudiwa, na mipangilio ni 36. Hapo kaa chini ujaribu kwa utaratibu, huku ukikata kila uliyojaribu. Dakika chache umemaliza.

2. Uliza sefu ni ya nani. Hili ndilo ninalolipenda kuliko yote katika mafumbo haya. Mtu aliyefunga sefu ana sababu ya kuchagua namba yake, na mtunzi mzuri wa gemu huitawanya sababu hiyo ndani ya nyumba: kwenye picha, kwenye barua, kwenye namba ya chumba ambacho hakuna anayekitaja. Mara nyingine dokezo liko mbali kabisa na sefu. Katika gemu ya Myst ya 1993 sefu iko kibandani na namba yake unaisoma mnarani, halafu ukifungua unakuta viberiti tu, vya kuwashia boila. Katika Day of the Tentacle, ya mwaka huohuo, inabidi umrekodi Dr. Fred kwenye mkanda wa video akifungua sefu huku anatembea usingizini, kisha uucheze mkanda polepole ili uone alichokifanya. Yaani dokezo lenyewe ni mkono wa mwenye sefu. Nilipolielewa lile fumbo nilisimama na kuzunguka chumba kizima kwa furaha.

Sasa mtaniambia kuhusu masikio. Ni kweli, katika The Last of Us Part II ya 2020 gurudumu hutoa mlio tofauti likifika kwenye namba sahihi, na ukiwa na subira unaweza kufungua bila kusoma chochote. Nimefungua kadhaa kwa njia hiyo, na zote nimezisahau. Zile nilizofungua kwa kusoma karatasi za watu waliokimbia nyumba zao, hizo ninazo mpaka leo.

3. Andika namba, na pembeni yake andika imetoka wapi. Hapa nitakaa kidogo.

Kulikuwa na gemu moja ya jumba kubwa, nami nilikuwa nimeanza mafumbo ya aina hii si muda mrefu. Ofisini kulikuwa na sefu ya gurudumu, 0 hadi 99, namba tatu. Mwenye sefu alikuwa mjane, na barua yake niliipata mapema: fungua kwa umri waliokufa nao niliowazika, mume, baba, kisha mdogo wangu. Dokezo safi, mpangilio umetajwa, hakuna cha kubishania. Picha za hao watatu zilikuwa zimetundikwa kando ya ngazi, kila moja na kibao cha shaba chenye mwezi na mwaka wa kuzaliwa na wa kufa. Nikapanda ngazi, nikatoa miaka kichwani nikitembea, nikaandika kwenye daftari: 34, 61, 17. Nilijivunia kasi yangu. Nikachukua taa iliyokuwa juu, hadithi ikasonga, moto ukazuka, ngazi ikaungua yote na picha zake. Nikasevu palepale, yaani nikahifadhi mchezo ulipofikia, juu ya sevu yangu ya pekee.

Nikarudi ofisini. Nikazungusha 34, 61, 17. Kimya.

Nikadhani ni mwelekeo, nikaanzia kulia badala ya kushoto. Kimya. Nikadhani lazima nipitie sifuri kwanza. Nikadhani kila namba inataka mizunguko yake, minne, mitatu, miwili, kama sefu halisi za zamani. Nikageuza mpangilio kwa njia zote 6, ingawa barua ilikuwa imeutaja wazi, na hapo ndipo nilipoanza kupotea, kwa sababu nilikuwa nimeacha kumwamini yule mama. Usiku wa pili nikamlaumu mtunzi. Nikajishawishi kwamba gemu ni mbovu, ina hitilafu, ilitolewa bila kupimwa. Nilikuwa tayari kutilia shaka kila kitu duniani isipokuwa zile namba tatu kwenye daftari, kwa kuwa zilikuwa kwa mwandiko wangu mwenyewe.

Na sikuwa na namna ya kuzikagua. Hilo ndilo linaloniuma hadi leo. Niliandika jibu la hesabu, sikuandika hesabu. Vibao vya shaba vilikuwa vimeungua, sevu ya nyuma haikuwepo, na daftari langu lilisema 61 bila kusema 61 ya nani wala imepatikanaje. Nikaiacha ile gemu kwa wiki kadhaa. Kila nilipoona jina lake kwenye orodha, tumbo lilikuwa linakaza.

Mwishowe nikaianza upya, tangu mlango wa mbele. Saa tisa za kucheza, nikirudia vitu ambavyo tayari nilivijua, mpaka nikafika tena kwenye ngazi. Safari hii nikasimama mbele ya kila picha na kunakili kibao neno kwa neno. Mume: alizaliwa Februari 1828, alikufa Oktoba 1862. Thelathini na nne, sawa. Mdogo wake: Mei 1845 hadi Septemba 1862. Kumi na saba, sawa. Baba: alizaliwa Desemba 1801, alikufa Machi 1862.

Machi. Hakufika Desemba. Alikuwa na miaka 60.

Nilikaa pale ngazini nikiiangalia ile picha. Mimi nilikuwa nimetoa 1801 kwenye 1862, basi. Binti aliyemzika baba yake asingeweza kukosea hivyo. Alijua siku yake ya kuzaliwa, alijua hawakuisherehekea mwaka ule. Dokezo halikuwa hesabu ya miaka, lilikuwa kumbukumbu ya mtu, na mwezi uliandikwa pale kwa ajili yangu. Kama ningeandika maneno mawili tu, "baba, Desemba", ningeliona kosa usiku ule wa kwanza nikiwa ofisini.

34, 60, 17. Mlango ulifunguka kwa mlio mdogo sana. Ndani kulikuwa na ufunguo wa ghala la chini.

Tangu hapo kila namba ninayoiandika ina ndugu zake: ilikotoka, nani aliiandika, na kama ni ya kusoma moja kwa moja au nimeikokotoa mimi. Ikiwa nimeikokotoa, hesabu yenyewe naiacha pale pale ikiwa wazi. Kupiga picha ya skrini ni bora zaidi, mradi picha ioneshe chumba, isiwe tarakimu peke yake.

4. Sevu kwenye nafasi zaidi ya moja. Baada ya hayo niliyowaeleza, sidhani nahitaji kuongeza neno.

5. Mwelekeo ni sehemu ya namba. Katika Resident Evil 2 ya 2019, sefu ya ofisi ya magharibi katika kituo cha polisi inataka kushoto 9, kulia 15, kushoto 7. Ukiandika 9, 15, 7 umeandika nusu ya jibu. Chora mshale juu ya kila namba.

6. Usibebe namba ya mwenzako bila kuuliza. Hiyo 9, 15, 7 haibadiliki, lakini ndani ya gemu hiyohiyo kuna sefu ndogo ya kubebeka yenye vitufe vinane, ambayo mpangilio wake hubadilika kila unapoanza upya. Katika Silent Hill 2 ya 2001 unachagua ugumu wa mafumbo kando na ugumu wa mapigano, na majibu hufuata ugumu uliochagua. Wawili wenu mligombana wiki nzima, kila mmoja akimwita mwenzake mwongo, na wote mlikuwa mnasema kweli. Mlichagua ugumu tofauti. Natumaini mmepatana.

7. 0451 si ufunguo wa kila mlango. Najua mmeisikia. Namba 451 ilifungua mlango wa kwanza wa namba katika System Shock ya 1994, ikarudi kama 0451 katika Deus Ex ya 2000 na BioShock ya 2007, na Dishonored ya 2012 ikaiweka kwenye sefu. Ni salamu ya watunzi kwa watunzi wenzao, na mimi hufurahi kila ninapoikuta. Ijaribu mara moja, ikikataa endelea na kazi.

8. Tarehe na saa zinatuumiza sisi zaidi. Gemu nyingi zimetungwa Marekani, ambako mwezi hutangulia siku, kwa hiyo 07-04 ni tarehe 4 Julai. Kabla ya kuingiza tarehe, tafuta tarehe nyingine ndani ya gemu ambayo siku yake imezidi 12, kwenye gazeti au kwenye jiwe la kaburi, uone wao wanaziandikaje. Ukiikuta 05-23, umeshajua.

Na saa, jamani. Saa ya ukutani imesimama 7:15. Wewe unamwambia mwenzako "saa moja na robo", yeye anaandika 1:15, na mnashinda mchana kutwa mnaingiza 0115. Sefu haijui Kiswahili. Nakilini mishale ilivyosimama: mfupi kwenye 7, mrefu kwenye 3. Majina ya saa tuachie mazungumzo yetu. Hili nimeliona likitokea mbele ya macho yangu mara tatu, na watu wote watatu walikuwa wamelipata dokezo kwa akili zao wenyewe, kazi ngumu yote wameimaliza. Inauma kumwona mtu anakwama hatua moja kabla ya mlango.

9. Mkitaka kutazama video ya mtu aliyefungua, tazameni. Sitamkasirikia mtu aliyechoka. Ila kwanza simameni mbele ya sefu mseme kwa sauti, mmoja kwa mwenzake, kila namba mliyonayo na chumba ilichotoka. Mara nyingi mtu hufika katikati ya sentensi akanyamaza.

Sasa turudi kwenye 6, 31, 14 yenu. Leo asubuhi nimefungua ile gemu mwenyewe nikaingia jikoni, nikazunguka polepole, nikaangalia ukuta kwa ukuta. Namba siwapi, mmefika mbali mno kwa mimi kuwanyang'anya hiyo dakika. Nitawaambia tu nilichokiona nikiwa nimesimama kati ya meza na jiko: kalenda imefunguliwa mwezi wa Juni, juu ya mlango kuna saa iliyosimama, na Juni haina tarehe 31.