Mweusi wa kwanza kwenye televisheni ya Waingereza

Mwanangu Zuhura,

Sisi hatujambo, baba yako bado anakohoa lakini chakula anakula. Unasema kazini wamekupa uzungumze Oktoba, katika Mwezi wa Historia ya Watu Weusi, ukachagua televisheni ya Uingereza, na kila unayemuuliza anakutajia mtangazaji wa habari Trevor McDonald kuwa ndiye mweusi wa kwanza kuonekana humo. Tena unauliza kama vitabu vya Stephen Bourne, mwandishi wa historia ya weusi wa Uingereza, ni vya kutegemea, maana mwenyewe ni mzungu.

McDonald aliingia ITN, shirika la habari za televisheni la Uingereza, mwaka 1973. Sasa sikiliza: BBC ilizindua televisheni yake katika jengo la Alexandra Palace, London, tarehe 2 Novemba 1936, na siku hiyohiyo walitumbuiza Buck na Bubbles, Wamarekani weusi, mmoja kwenye piano, mwenzake akicheza kwa kugongesha viatu sakafuni. Hao wenzako wamekosea kwa miaka 37! Ila usiwacheke. Enzi zile vipindi vilikwenda hewani moja kwa moja, havirekodiwi, na hata baadaye BBC ilifuta kanda nyingi ili izitumie tena. Anayeandika historia hii imembidi ashike ratiba zilizochapwa, picha, na wazee wa kuhojiwa wangali hai. Kwa kuhoji wazee, Bourne simwoni wa kumfikia.

Kazi hiyo aliianzia kwao. Esther Bruce alizaliwa London mwaka 1912, baba yake mtu wa Guyana. Baba alipofariki mwaka 1941, vita vikiendelea, mama wa bibi yake Bourne akamchukua Esther akawa mtu wa nyumba ile, na Bourne amekua akimwita shangazi. Alikuwa fundi wa kushona, na miongoni mwa aliowashonea magauni ni mwimbaji Elisabeth Welch, Mmarekani mweusi aliyehamia London mwaka 1933. Baadaye Bourne akaja kuandika maisha ya Welch naye. Mwaka 1991 shangazi na mpwa walitoa kijitabu pamoja, Aunt Esther's Story. Kile kikubwa cha filamu na televisheni, Black in the British Frame, kilikuja mwaka 1998. Anza na kidogo. Kikubwa kina majina mengi, kitakuchosha kabla hujampenda hata mmoja. Na uzungu wake mimi haunisumbui. Mpime kwa ushahidi anaouleta.

Kama dakika zako ni chache, waache hao wa kwanza-kwanza, mzungumzie Cy Grant. Mguyana huyu alikuwa mwongoza njia kwenye ndege za kivita za Uingereza, akatunguliwa Uholanzi mwaka 1943, akakaa mateka wa Wajerumani miaka miwili. Vita vilipokwisha akasomea sheria, akafuzu uwakili, kazi akakosa. Ndipo akageukia uigizaji. Kuanzia 1957, katika kipindi cha BBC cha Tonight, akawa anaimba habari za siku kwa kalipso, mtindo wa nyimbo za Karibi, gitaa mkononi, nchi nzima ikamjua. Wakili mzima! Mwishowe aliacha mwenyewe, akihofia kubaki mwimba kalipso tu.

Na mwaka 1958, Grant angali anaimba, BBC hiyohiyo ikaanzisha The Black and White Minstrel Show, kipindi cha wazungu waliojipaka nyuso masizi wakijifanya weusi. Kiliendelea mpaka 1978. Hayo mawili yaweke pamoja, usiyatenganishe.

Kijitabu cha Esther ukikiona kwa wauza vitabu vya mitumba, nunua viwili.

Mama yako