Kalenda ya Ulimwengu wa Kubuni: Anza na Bamvua, Hesabu Itafuata

Riwaya yangu ya kwanza ya ulimwengu wa uchawi iliharibiwa na mimba. Nilikuwa nimejitungia kalenda ya miezi kumi, kila mmoja ukiwa na siku 40, nikaichora katika daftari kwa kalamu za rangi na kuiona fahari kubwa. Katika sura ya sita mke wa mvuvi akashika mimba, nami kwa mazoea nikaandika kwamba miezi tisa ilipotimia alijifungua salama. Dada yangu, ambaye ni mkunga, alisoma ukurasa ule, akahesabu kwa vidole, kisha akaniuliza, "Mdogo wangu, huyu kabeba mimba ya mtu au ya punda?" Siku zilikuwa 360, na kweli punda hubeba karibu mwaka mzima.

Ningeweza kusahihisha sentensi ile moja nikaendelea na safari, lakini kadiri nilivyozidi kuichunguza kalenda yangu ndivyo nilivyoona kwamba ugonjwa ulikuwa katika mzizi. Nilianza na tarakimu zinazogawanyika vizuri, ilhali watu huanza kuhesabu siku kwa sababu kuna jambo wanalolingoja au wanaloliogopa. Tazama pwani yetu. Mwanamke anayelima mwani, au anayeshuka na mchokoo wake kutafuta pweza miambani, hahitaji karatasi ya ukutani kujua lini bahari itakupwa mbali. Anajua kwamba bamvua, siku ambazo bahari hujaa na kupwa kuliko kawaida, huja mara mbili kila mwezi, mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, na kwamba katikati yake ni maji mafu, wakati ambao kushuka pwani ni kujichosha bure. Shughuli zake, mapato yake na hata siku ya kulipa deni dukani hufuata mapigo hayo.

Kwa hiyo ushauri wangu wa kwanza kwa anayebuni ulimwengu wenye uchawi ni huu: kabla ya kuamua mwaka wako una siku ngapi, amua uchawi wako unajaa na kupwa kwa kufuata nini. Katika ulimwengu wangu mpya uchawi ni kama maji. Siku za bamvua mganga mwanagenzi anaweza kuwasha taa kwa kulitaja jina lake tu, na siku za maji mafu hata mganga mkuu hutafuta kibiriti kama mimi na wewe. Mara nilipolikubali jambo hilo, kalenda ikaanza kujiandika yenyewe: kuna siku za kufunga ndoa, siku za kuficha watoto wachanga, na siku ambazo wezi huzipenda kwa sababu kufuli za uchawi zimelegea.

Hesabu ikafuata, na hapo ndipo inapopendeza. Niliweka miezi miwili angani, mkubwa unaozunguka kwa siku 30 na mdogo kwa siku 42, ili ipevuke pamoja kila baada ya siku 210. Mwaka wa jua nikauacha na siku 365. Ukifanya hesabu, bamvua hilo kuu huiangukia siku ileile ya mwaka mara moja tu katika miaka 42, yaani mtu mzima huliona mara moja, pengine mara mbili akijaliwa umri. Sikubuni mbinu hii. Wamaya wa Amerika ya Kati walikuwa na hesabu ya siku 260 za ibada iliyokwenda sambamba na mwaka wa siku 365, na mbili hizo zilikutana kila baada ya miaka 52.

Wala usiogope kuwapa watu wako kalenda mbili zisizopatana, kwa kuwa sisi wenyewe tumeishi hivyo kwa karne nyingi. Mwaka wa Kiislamu hufuata mwezi na una siku 354 hivi, ndiyo maana Ramadhani hurudi nyuma takriban siku 11 kila mwaka wa jua. Lakini mabaharia na wakulima wa pwani walikuwa pia na mwaka wa Nairuzi, siku 365 zilizohesabiwa kwa miongo 36 ya siku kumikumi, pamoja na siku tano za ziada, kwa sababu kaskazi na kusi hazimngoji mwezi. Makunduchi, Unguja, bado wanausherehekea mwanzo wa mwaka huo, Mwaka Kogwa, kila Julai.

Jambo ambalo waandishi wengi hulisahau ni nani mwenye mamlaka ya kutangaza. Kila mwaka, jioni ya kumngoja mwezi mwandamo, hawa wanasema umeonekana na wale wanasema ni wingu tu, na kesho yake jirani mmoja anakula Idi na mwingine bado amefunga. Fikiria ubishi huo mahali ambapo anayekosea siku anafungua mlango wa majini! Sura yangu bora kuliko zote haina vita wala joka. Ina wazee watatu juu ya paa na anga lenye mawingu.

Majina nayo yaachie makovu. Jumatano kwetu ni siku ya tano na Alhamisi, kwa Kiarabu, ni ya tano vilevile, na hakuna anayelalamika. Kalenda iliyonyooka mno hunuka wino wa mwandishi.

Dada yangu ameisoma rasimu mpya. Safari hii hakuuliza juu ya mimba, aliuliza mtoto aliyezaliwa ana umri gani, maana mama yake anahesabu kwa mwezi mkubwa, mizunguko 12 kwa mwaka, na baba anahesabu kwa mavuno. Sikuwa nimelifikiria. Msichana wa ukoo ule hupewa uchawi wake akitimiza miaka 14, na tofauti ya hesabu mbili hizo, kufikia hapo, ni siku 70. Kwa siku 70, basi, yeye ni mganga nyumbani kwa mama yake na mtoto mdogo nyumbani kwa baba. Sura ya saba sasa inaanzia siku ya kwanza kati ya hizo.