Uliza Zimwi Linakula Nini

Juzi msomaji mmoja wa Kayole aliniandikia: "Mwalimu, nataka tasnifu yangu iwe juu ya mazimwi na siasa, lakini msimamizi wangu anacheka. Niache?"

Usiache. Hata mimi nilichekwa, katika chuo ambacho sitakitaja, mbele ya wahadhiri wanne. Nilipotamka neno mumiani, yaani mnyonya damu wa masimulizi yetu, mmoja wao alifunga faili langu la kijani akaniuliza kama nimekuja kusoma au kusimulia ngano za watoto. Faili lile ninalo mpaka leo.

Nilichotaka kusema nilikipata kwa nyanya yangu, Pumwani. Alinieleza kwamba enzi za mkoloni watu waliogopa kupita usiku karibu na wazimamoto: ungekamatwa, unyonywe damu itengenezwe dawa. Akisimulia hayo alijigusa kifuani, pale babu alipokuwa akining'iniza kipande chake, kile kitambulisho cha mkoloni, ndani ya kibati. Mwanamume Mwafrika hakuajiriwa bila kipande, na askari wakimkosa nacho, ndani. Kwa nyanya, kipande na mumiani vilikuwa hadithi moja. Watu wale walijua mji unawala, wakampa mlaji jina.

Mwaka 2000 mwanahistoria Luise White alichapisha kitabu kizima juu ya uvumi huo wa wanyonya damu, Nairobi ikiwemo, akiuchukua kama ushahidi wa historia. Nilikisoma baada ya kukataliwa, nikalia. Ngano za watoto! Karl Marx naye, mwaka 1867, aliufananisha mtaji na mnyonya damu anayeishi kwa kufyonza kazi ya walio hai. Miaka 100 baadaye Azimio la Arusha likapiga vita unyonyaji. Neno hilo twalitumia kila siku bila kukumbuka kwamba lina mdomo.

Basi ushauri wangu: anza na zimwi la kwenu. Dracula atakungoja. Uliza linakula nini, linamla nani, na nani halimgusi. Uliza tena na tena, maana hapo ndipo siasa ilipo, na msomi anayeona haya kuuliza hivyo hajawasikiliza watu wake.

Jumamosi iliyopita nilizungumza na vijana ukumbini Kaloleni. Niliwasimulia irimu, zimwi la Wakikuyu, yule anayekuja ngomani akiwa kijana mtanashati, msichana anamfuata, kumbe ana mdomo wa pili kisogoni, umefunikwa na nywele. Nikawauliza wamewahi kumwona wapi. Kimya. Kisha binti mmoja aliyekaa karibu na mlango akasema, "Kwenye lori la kampeni. Sisi humwona kwa mbele tu. Kisogo tunakiona akishaapishwa, akitupa mgongo." Ukumbi ukalipuka. Miaka yote niliyosoma sijapata kuliweka wazi hivyo.

Kwa hiyo, ndugu yangu wa Kayole, andika. Sura ya kwanza ikiwa tayari nitumie, nitaisoma mwenyewe.