Kamera ya jikoni imenifuata hadi Ngamiani

SWALI: Shikamoo shangazi. Nilifanya kazi za ndani Maskati miaka miwili. Pasipoti na simu yangu alikaa navyo bosi, mlango ulifungwa kwa nje, na jikoni palikuwa na kamera yenye taa ndogo nyekundu. Nikikaa kidogo tu, simu ya mezani inalia: "Mbona umekaa?" Nimerudi nyumbani Ngamiani tangu Ramadhani, lakini naoga gizani. Juzi nilisimama mbele ya friji la mama nikisubiri mtu aniambie nifungue. Kaka anasema najidai. Nimerogwa? Mama ananihurumia, usiku hufunga mlango na ufunguo anaulalia. — Msomaji, Tanga

JIBU: Marahaba mwanangu. Hujarogwa. Hapo kwenye friji nimeparudia mara tatu.

Karne ya 18 Mwingereza Jeremy Bentham alibuni jela ya duara yenye mnara katikati. Mfungwa haoni kama mlinzi yumo au hayumo, basi anajichunga mwenyewe muda wote. Ndiyo ile taa yako nyekundu. Pengine bosi kalala zake, na wewe unasugua sufuria iliyokwisha takata! Mwili uliozoeshwa hivyo miaka miwili hauna habari kuwa ndege imeshatua.

Kaka naye aambiwe: mwaka 2015 Umoja wa Mataifa ulipitisha kanuni za kutunza wafungwa, zinazoitwa za Mandela. Zinakataza kumtenga mtu peke yake saa 22 au zaidi kwa siku, kwa zaidi ya siku 15 mfululizo. Yako si ileile, ulikuwa na watu ndani. Lakini kufungiwa kunaumiza akili hata bila kofi.

Kinachonikera mimi ni huo ufunguo, ulioutaja mwishoni kama si kitu. Mama anakupenda, ila anakufungia tena. Mwombe mkachonge wa pili, ukae nao wewe. Si lazima utoke. Jioni fungua, simama barazani dakika tano, rudi, funga kwa mkono wako. Bafuni washa taa siku utakayojisikia, hakuna anayekuhesabia.

Usingizi ukikukataa, nenda hospitali ya Bombo hapo Tanga uulizie huduma ya afya ya akili. Ukijiwa na mawazo ya kujidhuru, nenda siku hiyohiyo, usingoje. Huduma hiyo si ya wenye wazimu peke yao, watu wasikutishe.

Mama akigoma kuhusu ufunguo, msomee hapa.