Filamu ambayo haijafika Mombasa

Mwanangu,

Salamu kutoka kwetu sote, na pole na joto la huko Doha. Ujumbe wako niliupata tangu wiki iliyopita. Zile nyimbo mbili nimezisikiliza kwa ile spika ndogo uliyoniletea: kwanza Demis Roussos, yule Mgiriki wa majoho, halafu Pancham, yaani R.D. Burman mwenyewe, mtunzi wa muziki wa filamu za Kihindi, akiimba "Mehbooba Mehbooba" ya filamu ya Sholay. Nikazirudia mara nne. Mama yako akapita na ungo wa mchele akauliza kama nimerudia ujana. Ndipo nikasoma swali lako: "Baba, huyu R.D. Burman uliyetulea kwa nyimbo zake, alikuwa mwizi? Ndiyo au hapana?"

Ndiyo au hapana! Umeanza lini kuuliza kama afisa wa uhamiaji?

Zinafanana, sikatai. Na kuna nyingine hukuileta, nakusaidia mashtaka: kwenye filamu ya Hum Kisise Kum Naheen ya 1977 kuna "Mil Gaya Humko Saathi", ambayo yeyote aliyewahi kuwasikia Abba, wale waimbaji wa Uswidi, atajua ni "Mamma Mia" iliyovishwa sari. Lakini huyo Roussos wako naye, sauti ile, yaani ule mwendo wa muziki, aliitoa kwenye wimbo wa kienyeji wa Saiprasi. Sasa tumkamate nani kwanza?

Wewe umeanzia katikati. Anzia mwanzo. Pancham alipokuwa na miaka tisa alitunga sauti yake ya kitoto. Baba yake, S.D. Burman, alikuwa tayari mtunzi mkubwa Bombay, mtu wa ukoo wa kifalme wa Tripura. Miaka ikapita, na mwaka wa 1956 filamu ya Funtoosh ikatoka, na humo mnaimbwa "Aye Meri Topi Palat Ke Aa", muziki wa S.D. Burman. Kijana akasikia: ni ile sauti yake. Inasimuliwa kwamba alimwendea baba yake kulalamika ameibiwa, na baba akamjibu alitaka tu kujaribu kama watu wataipenda. Mwaka uliofuata ikawa vilevile kwenye Pyaasa: "Sar Jo Tera Chakraye" inahesabiwa ya baba, na sauti ni ya mwana. Kwa hiyo wa kwanza kuchukua cha mwenzake katika nyumba ile hakuwa Pancham. Alifundishwa nyumbani.

Unaijua kauli yangu, maana kaka yako huiigiza kila Idi akijishika kidevu: sauti ni ya aliyeilea. Mtoto akizaliwa kwa mtu na akalelewa kwa mwingine, akila huko, akitahiriwa huko, ukimwita atageuka upande gani? Sikiliza tena ule mwanzo wa "Mehbooba". Ile pumzi inayovuma ni chupa, mwanangu, chupa zilizotiwa kitu nusu zikapulizwa. Roussos hakupuliza chupa. Kwenye filamu ya Yaadon Ki Baaraat, ile "Chura Liya" ambayo mama yako huiimba akidhani simsikii, kule kulia kwa mwanzo ni kijiko juu ya glasi. Yule mtu alikuwa akisikia muziki kabatini mwa jikoni. Alikwenda kusomea sarod, ile ala ya nyuzi, kwa Ali Akbar Khan, na tabla, zile ngoma mbili za Kihindi, kwa Samta Prasad, kisha akarudi akagonga glasi. Na sauti aliyoimbia "Mehbooba" ni koo lake mwenyewe, lile koo la mtu aliyekesha kwenye moshi. Hilo hakuliazima kwa yeyote.

Haya. Lakini najijibu mwenyewe, kwa sababu mama yako hayupo wa kunijibu: mwizi akiipaka baiskeli rangi mpya na kuitia kengele nzuri, baiskeli inakuwa yake? Haiwi. Mbona basi kwenye sauti nasema inakuwa? Nimekaa na hilo tangu jana, na nadhani najua kwa nini nimeishikilia kauli ile miaka yote hii. Ngoja nikueleze jambo ambalo hukuniuliza.

Harusi ya shangazi yako mdogo, 1979, uani kwa bibi yako, Kibokoni. Mambo ya jenereta na ya mbuzi aliyekimbia mmeyasikia mara mia, siyarudii. Wakati ule nilikuwa napiga harmonia, na kazi yetu sote kwenye kundi ilikuwa moja: kuchukua sauti. Filamu mpya ikiingia kwenye sinema za Naaz au Regal, mimi na ami yako tulikwenda siku tatu mfululizo. Siku ya kwanza tulitazama kama watu wengine. Siku ya pili nilifumba macho tangu mwanzo mpaka mwisho, na waliokaa karibu walidhani nimelala. Siku ya tatu ilikuwa ya muziki wa katikati, zile fidla zinazoingia mwimbaji akipumzika, kwa kuwa hapo ndipo makundi mengine yalipokuwa yakibabaisha. Kisha tunakaa barazani na shairi. Shairi letu lina mizani 16 kwa mshororo, nane kwa nane, na sauti ya Bombay haiijui hesabu hiyo. Basi unavuta irabu hapa, unameza silabi pale, unatia "ee mpenzi" mahali palipobaki pengo. Ni kazi ya fundi cherehani: kitambaa ni cha watu, mwili ni wako. Juma Bhalo, yule mwimbaji wetu wa taarab, Mungu amrehemu, alikuwa bingwa wa hilo, na mimi sijamsikia Mmvita hata mmoja aliyemwita mwizi.

Wiki mbili kabla ya harusi nikapata sauti. Sikuipata Naaz. Nilikuwa nimekaa barazani, mvua inanyesha, maji ya bati yanachuruzika ndani ya debe, na mkono ukaanza wenyewe. Ilianza chini, ikapanda mahali nisipopatarajia, ikazunguka, ikarudi nyumbani. Nikaipiga tena haraka isinipotee. Usiku nikawa naipiga chumbani, mpaka mama yako, aliyekuwa na mimba ya kaka yako, akaijua yote, akawa anaiimba akipepeta mchele. Ami yako, ambaye alikuwa kwenye tabla, nilimwambia nimeitoa kwenye kaseti ya baharia mmoja. Nilijisemea nitamfichulia harusini, watu wakishaipenda.

Wakaipenda. Siwezi kukueleza, na nimejaribu mara nyingi kichwani. Uani palitulia, na unajua harusi zetu, hakutulii hata maiti akipita. Upande wa wanawake vigelegele vilipanda palepale sauti inapopanda, kana kwamba walifanya mazoezi nami. Akaja mzee mmoja mwenye duka la vitambaa, mgonjwa wa filamu, mtu aliyekuwa akizijua zote na waliozipiga. Akaweka noti ya shilingi 20 juu ya harmonia, akainama, akaniuliza kwa heshima kabisa: "Hii ya filamu gani?"

Ilikuwa sifa. Nataka uelewe hilo. Kwake yeye, na kwa kila aliyekuwapo, sauti nzuri kiasi kile haiwezi kuwa imezaliwa Kibokoni. Nikafungua mdomo niseme ni yangu. Nikajisikia nasema: "Ni ya filamu mpya, bado haijafika Mombasa. Muziki wa R.D. Burman."

Ndiyo. Ni ileile "filamu ya baba" mnayoichekea, ambayo ami yako ameingoja miaka yote hii na kunilaumu eti nimelisahau jina lake. Haipo. Haikupata kuwapo.

Kwa nini nilisema vile? Nimejipa majibu mengi. Nilijiambia nilimwonea haya mzee. Nilijiambia ningemwambia ni yangu angeichukua noti yake, jambo ambalo si kweli, alikuwa muungwana. Nadhani niliogopa sura ambayo angeifanya: ule uso wa mtu anayeanza kuitafuta kasoro. Sauti ya Pancham ilikuwa haina kasoro. Sauti ya kijana wa harmonia ingekuwa nazo mara moja, palepale, bila noti moja kubadilika.

Mama yako hakusema neno siku tatu. Siku ya nne, akinimiminia chai, akaniuliza bila kunitazama: "Na hiyo filamu yenyewe yaitwaje?" Nikacheka. Hakucheka.

Kabla ya mwaka kwisha kundi jingine likaichukua sauti ile, likaipa shairi jingine, zuri kuliko letu, lazima niseme. Kaseti ikatoka, na juu yake imeandikwa "sauti ya Kihindi". Niliisikia kwenye matatu nikienda Malindi. Abiria wawili mbele yangu walikuwa wakiifuata kwa midomo. Mmoja akamwambia mwenzake, "Hawa Wahindi wanajua." Na mimi, mwanangu, nilikuwa naimba nao! Sijui mpaka leo kama siku ile nilikuwa mtu mwenye furaha kuliko wote ndani ya gari au mjinga kuliko wote. Nilishuka Kilifi kabla ya kufika nilikokwenda, nikakaa tu kando ya barabara.

Kwa hiyo Pancham ameshtakiwa kwa alichokichukua, na mimi peke yangu, katika mji huu, ndiye niliyempa. Yeye mwenyewe hakujua. Ningekuwa na deni kwake kwa sauti zake nilizokwisha kuzichukua, tungekuwa tumelipana.

Na sasa nikwambie kwa nini namfikiria zaidi alivyomalizia kuliko alivyoanza. Ninyi mnamjua wa miaka ya sabini, Kati Patang, Amar Prem, Sholay. Mimi namfikiria wa miaka ya themanini. Filamu zikawa zinaanguka, disko imeingia, watayarishaji waliokuwa wakipanga foleni mlangoni kwake wakahamia kwa wengine. Ndani ya kipindi hichohicho akatengeneza muziki wa Ijaazat, 1987. Mshairi Gulzar alimletea maneno yasiyo na vina wala urari, "Mera Kuch Saamaan", na Pancham akamtania kwamba kesho atamletea gazeti alitilie sauti. Kisha akayatilia sauti. Asha Bhosle, mkewe, akapata tuzo ya taifa kwa kuuimba, Gulzar akapata kwa kuuandika. Aliyeutungia sauti hakupata kitu. Uweke wimbo ule usiku, peke yako, halafu uniambie ni wa Mgiriki gani.

Mwaka wa 1988 moyo ukamgonga, akaenda kupasuliwa London. Akarudi, na simu haikulia kama zamani. Ndipo mwongozaji Vidhu Vinod Chopra akampa filamu ya 1942: A Love Story. Chopra mwenyewe amesimulia kwamba sauti ya kwanza aliyopewa aliikataa. Mzee alikuwa amejaribu kufuata mtindo wa wakati ule, wa watoto waliomnyang'anya kazi. Chopra akamwambia anataka muziki kama wa baba yake. Pancham akaomba apewe siku chache. Nadhani hizo siku chache nazijua. Ni mtu amekaa peke yake na harmonia, hana filamu ya kusingizia, na lazima hatimaye aseme: hii ni yangu. Alikufa tarehe 4 Januari 1994, na filamu ikatoka mwaka huohuo bila yeye. "Ek Ladki Ko Dekha" ikaimbwa kila harusi hapa mjini. Filmfare, wale wa tuzo za filamu za Kihindi, wakampa tuzo yake ya tatu, wa kuipokea hayupo.

Kwa hiyo ndiyo au hapana? Mwanangu, nimeandika kurasa tatu na bado nauma kalamu. Natamani sana kukwambia hapana. Ningeandika hapana sasa hivi, na wino umo. Ila ile ya Abba, ile ya Abba hata mimi siwezi kuilea. Na "Mehbooba" namtetea kwa chupa zake, lakini jina la yule mtu wa Saiprasi aliyeianza liko wapi? Na jina langu liko wapi kwenye ile kaseti? Hapo narudi kwenye kauli yangu, sauti ni ya aliyeilea, na jana jioni nilimsomea mama yako sehemu hiyo kwa madaha kidogo. Akaweka ungo chini. "Haya, ni ya aliyemlea," akasema. "Na aliyemkana je?"

Nikaikunja karatasi, nikaenda msikitini mapema.

Mtoto wako asijesahau juzuu aliyofikia, mwambie babu atamsomesha mkija Desemba. Dawa za presha bado zipo, usitume nyingine. Ile harmonia iko juu ya kabati, mchwa wameingia upande mmoja na vibonye viwili havilii, lakini sauti ile haivihitaji hivyo viwili, nimeshajaribu. Ijumaa ami yako anakwenda Lamu. Akishaondoka nitairekodi kwa simu nikutumie. Ukisikia mtu anaimba kwa nyuma ni mama yako, hataki kuambiwa anyamaze.

Babako