Nimeachishwa kazi, sasa hata kitandani nashindwa

SWALI: Dokta, nina miaka 36. Tangu niachishwe kazi, nikiwa na mke wangu uume unasimama kidogo kisha unalegea. Ajabu ni kwamba alfajiri naamka uko imara kabisa. Mama mkwe kila akipiga simu anaulizia mjukuu. Rafiki yangu wa kijiweni amenipa vumbi la Kongo, ule unga wa kuongeza nguvu za kiume. Nilitumie?

JIBU: Hapana kaka, liweke pembeni. Hiyo habari ya alfajiri ndiyo iliyonipa mwanga: inaelekea mishipa ya damu na ya fahamu iko sawa. Ili uume usimame, misuli laini iliyo ndani yake lazima ilegee, damu ijae. Ukiwa na wasiwasi mwili unamwaga adrenalini, nayo inaibana misuli ileile. Usingizini hakuna anayekupima. Usiku na mkeo unaingia kitandani kama mtahiniwa, tena mtahiniwa ambaye mwezi mzima hajaacha hela ya meza. Wanaume wa kwetu tumelelewa tujipime kwa mfuko na kitanda. Mfuko ukitoboka, mzigo wote unahamia kitandani. Hakuna unga unaotibu hilo.

Tena hizi dawa zinazoitwa za asili, baadhi zikipelekwa maabara hukutwa zimechanganywa na sildenafili, yaani dawa iliyomo kwenye Viagra, bila kuandikwa wala kiasi kujulikana. Mgonjwa wa moyo anayetumia dawa za naitreti, zile za kutanua mishipa ya damu, akizilamba, presha inaweza kushuka hadi kumuua. (Supu ya pweza sikukatazi. Ni chakula kizuri, ila si dawa.)

Hata hivyo kapime presha na sukari. Mishipa ya uume ni myembamba kuliko ya moyo, kwa hiyo ikianza kuziba, dalili huweza kuonekana huko kabla kifua hakijauma. Sukari ya asubuhi kabla ya kula ikisoma 7.0 mmol/L au zaidi, irudie siku nyingine kuthibitisha.

Nyumbani, mwambie mkeo ukweli, maana huenda anadhani umemchoka. Kubalianeni wiki mbili za kukumbatiana na kupapasana tu, tendo lenyewe mliweke kando kabisa hata mwili ukitaka. Kinachotafutwa ni kitanda kisicho na mtihani. Mama mkwe ajibiwe na binti yake. Na hata alfajiri uume ukianza kulegea, nenda hospitali, mkeo akikusindikiza.