Faili za DLL: Ipi ya Windows, ipi ya programu, na ipi ifutwe?

SWALI: Kompyuta yangu ya Windows imejaa faili zinazoishia na .dll, hasa ndani ya System32, na nyingine ziko folda mbili kwa jina lilelile. Sasa kuna programu imegoma kufunguka, inadai msvcp140.dll haipo. Nitazitofautisha vipi, na zipi nifute nipate nafasi?

JIBU: Ndugu msomaji, nianze na hilo la kufuta: ndani ya System32 usiguse hata moja.

DLL ni maktaba ya maelekezo ambayo programu nyingi huchangia. Chukua lile dirisha la kuchagua faili ya kufungua au mahali pa kuhifadhi. Unalikuta lilelile kwenye programu chungu nzima kwa sababu kwa kawaida hupatikana kupitia comdlg32.dll, si kwamba kila mtengenezaji ameliunda upya. Ukiifuta hiyo moja, unaharibu programu usizozijua.

Kwa hiyo usizipange kwa majina. Jiulize: imeletwa na nani? Kuna zilizokuja na Windows yenyewe, mfano ntdll.dll, kernel32.dll na user32.dll. Kuna za programu moja tu, ambazo kwa kawaida hukaa kwenye folda ya programu hiyo ndani ya Program Files na huondoka nayo. Halafu kuna kundi la kati linalowachanganya wengi: maktaba za Microsoft ambazo si sehemu ya Windows, ila huletwa na programu zinazozihitaji. Hiyo msvcp140.dll yako imo humo.

Majina kufanana si kasoro. Kwenye Windows ya biti 64, System32 ndiyo yenye faili za biti 64, na SysWOW64 ndiyo yenye za biti 32. Najua majina yanaashiria kinyume, lakini ndivyo ilivyo: programu nyingi za zamani ziliandikwa zikitaja System32 moja kwa moja, jina likabaki. Programu ya biti 32 ikiulizia System32, Windows huielekeza SysWOW64 kimyakimya. Ukichukua faili ya upande mmoja ukaiweka upande wa pili, tegemea kukutana na kosa 0xc000007b.

Ukishuku faili, kagua saini yake ya kidijitali, yaani alama inayothibitisha aliyeitoa. Wengi huifungua kwenye Properties na kutafuta Digital Signatures, wasipoiona wanadhani wamepata kirusi. Si lazima iwe hivyo, kwani faili nyingi za Windows saini zake huhifadhiwa kwenye katalogi tofauti. Fungua PowerShell uandike:

Get-AuthenticodeSignature C:\Windows\System32\comdlg32.dll

Kwenye Windows 10 na 11, amri hii hukagua na katalogi pia. Ikijibu Valid, saini ni halali na faili haijachezewa tangu isainiwe. Angalia pia aliyesaini ni nani. Faili yenye jina la maktaba ya Windows, iliyo kwenye Downloads au Temp na haina saini, hiyo ipitishe kwenye antivirusi mara moja.

Kujua nani anaitumia sasa hivi, andika tasklist /m msvcp140.dll kwenye Command Prompt. Isipotajwa programu yoyote, usihitimishe kwamba haina kazi. Huenda inayoihitaji haijafunguliwa.

Sasa tatizo lako. Nakusihi usiende kwenye tovuti zinazogawa DLL mojamoja. Hujui aliyeiweka pale ni nani, na ikishapakiwa, inafanya kazi kwa ruhusa zilezile za programu iliyoiita. Pakua Visual C++ Redistributable, kifurushi chenye msvcp140.dll, kutoka Microsoft, usakinishe ya x64 (biti 64) na ya x86 (biti 32) pia, kisha ujaribu tena programu yako. Amri ya sfc /scannow haitakusaidia hapa, maana yenyewe hurekebisha faili za Windows tu.

Kuhusu nafasi, ondoa programu usizotumia kupitia Settings, kisha endesha Disk Cleanup. Ukiona folda ya WinSxS, iliyo ndani ya folda ya Windows, ni kubwa mno, usiifute: faili zake nyingi ndizo hizohizo za System32 zikionekana mahali pawili, hivyo ukubwa unaousoma si ule unaoliwa kwenye diski. Ukubwa halisi utaupata kwa kufungua Command Prompt kama msimamizi na kuandika DISM /Online /Cleanup-Image /AnalyzeComponentStore, ambayo pia itakwambia kama usafi unapendekezwa.